Mita 200 na muhtasari wa mkutano: uchambuzi wa kisa cha machimbo ya kokoto mlimani Mwanza

Karatasi iliyobeba kesi nzima ilikuwa na kurasa mbili tu. Ulikuwa muhtasari wa mkutano wa mtaa, wenye muhuri wa ofisi ya serikali ya mtaa, sahihi ya mwenyekiti na ya mtendaji, na orodha ya mahudhurio iliyoandikwa kwa kalamu za rangi mbalimbali. Ajenda ya nne ilisema kwamba wananchi wameridhia mwekezaji wa kokoto afanye kazi mlimani, kwa masharti kwamba atachonga barabara na kuchangia madawati ya shule. Mwenye leseni aliutembeza muhtasari huo kila alikoitwa. Kwa diwani aliutoa, kwa mkuu wa wilaya aliutoa, na mahakamani wakili wake aliuambatisha kwenye kiapo.

Mtaa wenyewe usiutafute kwenye ramani. Nimeuunda pamoja na watu wake kwa ajili ya uchambuzi huu, ili sheria ipate mahali pa kukanyaga. Sheria, kesi na vyombo vya umma nitakavyovitaja ni vya kweli. Na anayeijua Mwanza hatapata shida kuuona mtaa huo, kwa sababu milima ya namna ile ni mingi.

Mlima na waliouzunguka

Nyumba za Mwanza zimepanda mlima zikipenya katikati ya majabali, kuanzia Mabatini hadi Bugarika, Igogo na Isamilo. Pale ambapo nyumba hazijafika, mara nyingi utawakuta wagonga kokoto. Mtaa wetu uko pembezoni mwa jiji, upande ambao viwanja bado vinanunulika. Mlima wake uligongwa kwa mkono miaka mingi. Wanaume walichoma kuni na matairi chakavu juu ya mwamba mpaka upasuke, wakachomoa mapande kwa mtaimbo na nyundo kubwa. Akina mama walikaa chini ya vibanda vya magunia wakayagonga mapande hayo mpaka yawe kokoto, wakauza kwa ndoo au wakakusanya mpaka itimie tripu ya lori. Moshi wa matairi uliwakera watu, lakini hakuna aliyekwenda kushtaki. Aliyechoma tairi alikuwa shemeji wa fulani, na aliyegonga kokoto alikuwa mama wa mtoto anayesoma na wa kwako.

Kisha mahitaji yakapanda. Reli ya kisasa ya kutoka Mwanza kwenda Isaka ina urefu wa kilomita 341. Daraja la Kigongo–Busisi lilifunguliwa Juni 2025. Ongeza barabara za mitaa na maghorofa, na utaona kwa nini mwamba uliokuwa riziki ya ndoo ukageuka mali ya kuombewa leseni. Mtu mmoja akaomba leseni ndogo ya uchimbaji, ile ambayo hutolewa kwa Mtanzania na hudumu miaka saba kabla ya kuhuishwa. Eneo lake lilikuwa kama hekta 5. Akaleta kompresa ya kutoboa mwamba, akaleta krasha ya kusaga mawe, akaleta baruti.

Mambo yakabadilika upesi. Mlipuko mmoja wa mchana ulirusha jiwe likatoboa bati la jiko. Kuta za nyumba tatu za karibu zikaonyesha nyufa, na kwenye nyingine nyufa zilizokuwapo zikaonekana zimepanuka. Vumbi la krasha lilitua juu ya nguo zilizoanikwa, na juu ya dagaa wa mama anayewanunua mwaloni na kuwakaushia nyumbani. Mwalimu mstaafu mwenye pumu akahamia kwa mwanawe Buhongwa. Ndipo kamati ikaundwa.

Milango waliyobisha

Walianza kwa mwenyekiti wa mtaa, ambaye ndiye aliyetia sahihi muhtasari.

"Mwenyekiti, ulikubali kwa niaba ya nani?" mama wa dagaa alimuuliza.

"Mama yangu, mkutano ulikaa, na wewe umo kwenye mahudhurio. Jina lako ni la kumi na moja."

Ni kweli alikuwamo. Alikwenda kusikiliza habari za bomba la maji, akasaini alipofika kama wengine wote. Kwa kiasi kikubwa kesi hii inahusu sahihi ile ilikuwa ya nini.

Kwenye kata walipewa barua, na wilayani wakapewa tarehe. Ofisi ya kanda ya NEMC, Baraza la Taifa la Hifadhi na Usimamizi wa Mazingira, ilituma mkaguzi, akaona krasha haina vinyunyizio vya maji na hakuna kumbukumbu za vumbi wala kelele. Mwenye leseni akapigwa faini, akailipa. Mashine zikasimama kwa wiki kadhaa, zikawaka tena. Watu waliona wamesalitiwa, lakini faini ndiyo kazi yake hiyo: inakwenda serikalini, inamwadhibu mkosaji, na haimfidii mwenye nyumba wala haisogezi machimbo hata hatua moja. Aliyetaka mambo hayo mawili alipaswa kubisha mlango mwingine.

Kwa Afisa Madini Mkazi walipata jibu la kueleweka zaidi ingawa hawakulipenda. Leseni ni halali, wakaambiwa, mpango wa kutunza mazingira ambao wachimbaji wadogo hutakiwa kuuandaa upo kwenye faili, na ridhaa ya wananchi ipo. Akawaonyesha muhtasari.

Kwenda mahakamani, na kurudi mikono mitupu

Kwa hasira, wakaazi zaidi ya arobaini walifungua shauri mahakama ya wilaya. Waliwashtaki watu watatu kwa pamoja: mwenye leseni, halmashauri, na NEMC. Hati ya madai ilijaa uchungu. Kila mmoja alieleza vumbi, kelele na hofu, na mwishoni wakaomba leseni ifutwe na fidia ilipwe.

Shauri halikufika hata kwenye ushahidi. Upande wa pili uliweka pingamizi la awali lenye hoja tatu, na mbili kati yake hazikuwa na jibu.

Ya kwanza ilihusu serikali. Ukishtaki chombo cha serikali, Sheria ya Mashauri ya Serikali inakutaka utoe notisi ya siku 90, na tangu marekebisho ya mwaka 2020 halmashauri za serikali za mitaa na mashirika ya umma yamo ndani ya sharti hilo. Mwanasheria Mkuu lazima aunganishwe, la sivyo shauri zima linaharibika, na mahali pake ni Mahakama Kuu. Wakaazi walikuwa mahakama ya wilaya, hawakutoa notisi, na Mwanasheria Mkuu hakuunganishwa.

Ya pili ilihusu wingi wao. Watu wengi wenye dai la aina moja wanaweza kuwakilishwa na wachache, lakini Amri ya I Kanuni ya 8 ya Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai inataka kwanza kibali cha mahakama. Kamati ilijitokeza na kuandika "kwa niaba ya wakaazi wote" bila kibali, na kati ya majina yaliyoorodheshwa, baadhi ya wenyewe hawakujua kwamba ni wadai.

Ya tatu ilibishaniwa. Wakili wa mwenye leseni alidai kwamba migogoro kati ya mchimbaji na watu wengine ni ya Tume ya Madini kwanza, kwa mujibu wa kifungu cha 102 cha Sheria ya Madini ya 2010, na mahakama huja baadaye kwa njia ya rufaa. Mimi naona hoja hiyo ina uzito kwa madai ya mipaka na fidia inayotokana na leseni. Kwa dai la kero na la haki ya mazingira uzito wake unapungua, maana Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya 2004, kwenye kifungu cha 5, inampa kila mtu haki ya kwenda kudai kitendo chenye madhara kizuiwe au kisitishwe. Hakimu hakuhitaji kufika huko. Hoja mbili za mwanzo zilimtosha, na shauri likafutwa.

Mtaani habari ilipokewa kama kushindwa. Mwenye leseni alichinja mbuzi. Lakini kufutwa si kutupwa: shauri lililofutwa kwa kasoro ya utaratibu linaweza kurudi likiwa limerekebishwa, ilimradi muda wa ukomo haujapita. Kwa madai ya kero na uharibifu, ukomo ni miaka mitatu. Kamati ilikuwa imekwisha kutumia mwaka mmoja na nusu kwenye ofisi.

Mita 200

Aliyeigeuza kesi alikuwa msaidizi wa kisheria wa kata, mmoja wa wale wanaotambuliwa na Sheria ya Msaada wa Kisheria ya 2017. Kamati ilimpelekea bahasha nene ya picha za nyufa. Hakuifungua. Aliwauliza nyumba ya karibu iko umbali gani na shimo.

Hakuna aliyejua. Walisema "hapo hapo". Walisema "ukirusha jiwe".

Kifungu cha 95 cha Sheria ya Madini kinaorodhesha maeneo ambayo mwenye leseni haruhusiwi kuitumia haki yake bila ridhaa. Ardhi iliyo ndani ya mita 200 kutoka nyumba inayokaliwa ni mojawapo, na ridhaa inayotakiwa ni ya maandishi, inayotolewa na mkaaji halali wa mahali hapo. Soma tena ni nani anayeitoa. Sheria imemweka mtu mwenye nyumba, mmoja mmoja. Mkutano wa mtaa unaweza kukubali barabara ichongwe na unaweza kushukuru kwa madawati, lakini siuoni unapataje mamlaka ya kusamehe mita 200 za mama wa dagaa. Sahihi yake kwenye mahudhurio inathibitisha kwamba alihudhuria. Haithibitishi zaidi ya hapo.

Nasema hivi nikijua kwamba kwenye mitaa na vijiji vingi muhtasari ndio unaotumika kama ridhaa, na ofisi huupokea. Ni rahisi kwa kila mtu. Mwenye leseni anazungumza na mtu mmoja badala ya kaya thelathini, ofisi inapata karatasi moja yenye muhuri, mwenyekiti anaonekana ameleta maendeleo. Sheria nayo imeacha kiupenyo kwa upande wa mchimbaji, kwamba ridhaa ikinyimwa bila sababu ya msingi anaweza kuomba ngazi ya juu sharti hilo liondolewe. Ila kiupenyo hicho kina utaratibu wake, na katika kisa hiki hakuna aliyekipitia. Hakuna aliyeombwa ridhaa ili aweze kuinyima.

Sasa fanya hesabu. Leseni ya hekta 5, ikiwa ni mraba, ina upande wa mita 224 hivi. Nyumba zikiwa zimekaa kwenye mpaka wa upande mmoja, ukipima mita 200 kuingia ndani unabakiwa na ukanda wa mita 24 kule nyuma. Kwenye mtaa wetu nyumba zilikuwa pande mbili zinazotazamana. Leseni ile, kwa vipimo vya kifungu cha 95, haikuwa na mahali pa kutoboa tundu moja bila karatasi za wenye nyumba.

Hii ndiyo hoja ambayo kamati ingepaswa kuanza nayo, na nadhani kesi nyingi za namna hii zinaharibikia hapo. Watu wanaomba leseni ifutwe, jambo ambalo ni zito, linaigusa serikali iliyoitoa, na linawarudisha kwenye notisi ya siku 90 na Mwanasheria Mkuu. Kumbe leseni inaweza kubaki halali ukutani kwake huku mwenyewe akizuiwa kuitumia kwenye ukanda uliokatazwa. Dai hilo ni dhidi ya mtu mmoja binafsi. Halihitaji halmashauri wala NEMC mahakamani.

Kupima kulifanywa na mpimaji aliyesajiliwa. Mipaka ya leseni waliipata kwenye ramani ya leseni ambayo Tume ya Madini imeiweka mtandaoni, ambako mtu yeyote anaweza kuiona. Nyumba ya karibu ilitoka mita 61 kutoka ukingo wa shimo. Kwa kipimo hicho wakafungua shauri jipya, safari hii dhidi ya mwenye leseni peke yake.

Mkaaji halali ni nani

Wakili wa upande wa pili alirudi na jibu ambalo lingeweza kuwaumiza. Alisema hawa si wakaaji halali: hawana hati, wamejenga mlimani bila mipango miji, na sheria inamlinda mkaaji halali.

Hofu hiyo inaishi kwenye milima yote ya Mwanza, hata pale ambapo urasimishaji wa makazi umepita na watu wamechangia upimaji. Wengine wana hati, wengine wana namba ya kiwanja tu, wengine wana karatasi ya mauziano iliyoandikwa mbele ya mwenyekiti. Wadai walileta walichonacho. Walileta mikataba ya mauziano, barua za urasimishaji, na risiti za LUKU zinazoonyesha kwamba kila wanaponunua umeme wanakatwa kodi ya jengo, utaratibu ulioanza mwaka 2021. Serikali inayokata kodi ya jengo kwenye mita yangu, alisema mdai mmoja alipohojiwa na wakili huyo, hainiiti mvamizi. Ni hoja ya kibinadamu kuliko ya kisheria, na sidhani LUKU peke yake ingetosha. Pamoja na mauziano na barua za urasimishaji, ilitosha kwa hatua waliyokuwapo.

Na nani alitangulia? Swali hilo liliulizwa kwa sauti kubwa mtaani. Mlima uligongwa kabla ya nyumba nyingi kujengwa, kwa hiyo waliojenga waliifuata kero wenyewe. Sheria ya kero tuliyoirithi kutoka Uingereza haiikubali hoja hiyo kama kinga. Kesi ya Sturges dhidi ya Bridgman ya mwaka 1879 inafundishwa hadi leo kwa sababu hiyo: mtengeneza vitamutamu alikuwa ametumia vinu vyake kwa miaka zaidi ya ishirini, daktari jirani akajenga chumba cha kuonea wagonjwa nyuma ya ukuta, akashtaki, akashinda. Katika kisa chetu kuna jambo la nyongeza, kwamba kilichotangulia ni nyundo na moto. Baruti na krasha vilikuja baada ya nyumba. Waliojenga karibu na nyundo hawakukubali baruti.

Nyufa, vumbi na mzigo wa kuthibitisha

Anayedai ndiye anayethibitisha, ndivyo kinavyosema kifungu cha 110 cha Sheria ya Ushahidi. Kwenye nyufa ndipo wadai walikuwa dhaifu kuliko walivyodhani.

Shahidi wa mwenye leseni alikuwa fundi mwenye uzoefu. Alieleza kwa upole kwamba nyumba zile zimejengwa kwenye mteremko, nyingine bila mkanda wa zege, tofali zake zina saruji kidogo, na maji ya mvua yanapita chini ya msingi. Nyumba ya namna hiyo hupasuka hata pasipokuwa na mlipuko. Alikuwa anasema kweli. Picha za nyufa zilizokuwa kwenye bahasha hazikuwa na tarehe, na hakuna aliyekuwa na picha ya ukuta ule kabla ya machimbo kuanza. Mwendeshaji makini wa machimbo hukagua na kupiga picha nyumba za jirani kabla ya mlipuko wa kwanza, kwa faida yake mwenyewe, na huweka kipimo cha mtetemo siku ya kulipua. Huyu hakufanya lolote kati ya hayo, lakini upungufu wake haukuwa ushahidi wa wadai.

Msaidizi wa kisheria aliwafundisha mbinu ya mafundi wa zamani. Unachukua kipande chembamba cha kioo, unakibandika kwa plasta kikikatiza ufa, unaandika tarehe juu ya plasta. Ukuta ukicheza, kioo kinakatika. Wakaweka vioo kwenye nyumba sita, na daftari la milipuko likaandikwa na kijana wa duka: siku, saa, honi ililia au haikulia, jiwe liliruka au halikuruka. Vioo vinne vilikatika, na daftari lilionyesha milipuko ndani ya siku hizo hizo. Nyumba nyingine mbili ziko upande huo huo wa mteremko, zimenyeshewa mvua hiyo hiyo, lakini ziko mbali zaidi na shimo, na vioo vyake vilibaki vizima. Huo ndio ulinganisho uliomfanya fundi wa upande wa pili apunguze sauti.

Kuhusu vumbi nitasema machache. Mawe ya Mwanza ni granaiti, na granaiti ina kwatsi. Vumbi lake likivutwa kwa muda mrefu linaweza kuleta silikosi, ugonjwa wa mapafu usioponyeka. Aliye hatarini zaidi ni anayefanya kazi kwenye krasha na yule mama chini ya gunia, kabla ya jirani wa mita 61. Wadai walileta kadi za kliniki za watoto wenye kikohozi. Daktari aliyeitwa hakuweza kusema kikohozi kile kimetoka kwenye krasha, wala asingeweza. Vumbi lilifaa kuthibitisha kero. Kuthibitisha ugonjwa ni kazi nyingine.

Hawakulazimika kumleta kila mkaazi shahidi. Mwaka 1957 mahakama ya rufani ya Uingereza, katika kesi ya mwanasheria mkuu dhidi ya kampuni ya PYA Quarries, ilihusika na machimbo ya mawe huko Wales yaliyorusha mawe, vumbi na mtetemo kwa majirani, ikasema kwamba inatosha kuonyesha kuwa watu wanaowakilisha kundi hilo wameathirika. Hukumu hiyo haiifungi mahakama ya Tanzania, lakini inashawishi, na wakili wa wadai aliinukuu. Safari hii walikuwa na wakili, na kibali cha uwakilishi kilikuwa mkononi.

Waliogonga kokoto

Upande wa utetezi ulikuwa na mashahidi ambao kamati haikuwatarajia: akina mama watano wagonga kokoto, wote wakaazi wa mtaa ule ule. Walisema mlipuko umewaokoa na matairi. Sasa wananunua mapande yaliyokwisha kupasuliwa, wanagonga mara mbili ya zamani, na wanalipa ada. Mmoja alikuwa mkwe wa mdai wa tatu.

Hapa naona kamati ilikosea kwa kuwaita wasaliti. Mahakama inapotafakari zuio la muda inatumia vigezo vilivyowekwa katika Atilio dhidi ya Mbowe ya mwaka 1969: kuna hoja nzito ya kusikilizwa yenye dalili ya kufaulu, kuna madhara ambayo fidia haitayaponya, na nani ataumia zaidi zuio likitolewa au likinyimwa. Kigezo cha tatu kilikuwa mikononi mwa akina mama wale. Kama kamati ingekuja mahakamani ikiomba milipuko isimame lakini ugongaji wa mkono uendelee, mizani ingeinama upande wao mapema. Waliomba shughuli zote zisimame, na wakampa wakili wa mwenye leseni nafasi ya kusimama kama mtetezi wa maskini. Nafasi hiyo aliitumia vizuri. Aliwauliza wadai, mmoja baada ya mwingine, msingi wa nyumba yake umemwagwa kwa kokoto za wapi. Za mlima ule ule, walijibu.

Hakimu alitoa zuio la nusu. Milipuko na krasha visimame ndani ya mita 200 mpaka shauri liishe, na ugongaji wa mkono uendelee. Kwa hesabu tuliyokwisha kuifanya, zuio hilo la nusu liliifunga biashara.

Maridhiano

Baada ya zuio, mwenye leseni ndiye aliyeomba mazungumzo. Makubaliano yaliandikwa, yakasajiliwa mahakamani, yakawa tuzo, yaani amri ya mahakama. Krasha ikahamishiwa upande wa nyuma ya mlima kwenye eneo jingine alilokodi. Milipuko ndani ya mita 200 ilikoma, isipokuwa kwa nyumba ambazo wenyewe wangetoa ridhaa ya maandishi kila mmoja kwa jina lake, na kaya nne zilizokuwa karibu zaidi zikachagua kulipwa na kuhama. Nyumba zilizokatika vioo zilikarabatiwa. Shimo, ambalo wakati wa masika lilikuwa linajaa maji na kuwaita watoto kuogelea, lilizungushiwa uzio, na kazi ya kulifukia ikawekewa tarehe. Wagonga kokoto walipewa eneo lao na mapande ya kununua.

Fidia ya afya haikuwamo. Wadai waliiacha kwa sababu hawangeweza kuithibitisha, na mwalimu mstaafu hajarudi kutoka Buhongwa.

Je, walishinda? Wanasheria wa mazingira nchini wanaikumbuka safari ya dampo la Dar es Salaam. Wakaazi wa Tabata waliishtaki halmashauri ya jiji katika shauri la madai namba 299 la mwaka 1988 wakashinda, na jiji liliporudi kuomba liongezewe muda wa kuendelea kutupa taka, Jaji Lugakingira alilikatalia akiitaja haki ya kuishi iliyo kwenye ibara ya 14 ya Katiba. Taka zikapelekwa Kunduchi Mtongani. Wakaazi wa huko, Festo Balegele na wenzake 749, nao wakaenda Mahakama Kuu mwaka 1991 wakashinda. Taka zikaelekea Vingunguti, na huko nako kukawa na kesi. Kila mtaa ulikuwa na haki, na kila ushindi ulikuwa anwani mpya ya tatizo. Upande wa nyuma ya mlima, ilikohamia krasha, kwa sasa kuna mashamba ya mihogo na nyumba chache. Walionunua viwanja huko hawakushirikishwa kwenye maridhiano, maana hawakuwa wadai.

Kwa kamati kuna kazi mbili zilizobaki. Tuzo inaweza kukaziwa, yaani kutekelezwa kupitia mahakama, ndani ya miaka 12, kwa hiyo nakala iliyothibitishwa na mahakama isikae kwa mtu mmoja, na daftari la kijana wa duka liendelee kuandikwa hata kama milipuko haisikiki. Ya pili ni leseni yenyewe. Miaka saba inakwenda kuisha, na maombi ya kuihuisha yatapita kwa Tume ya Madini na faili lile lile. Barua ya kamati inapaswa kuwa ndani ya faili hilo kabla ya maombi kufika, ikiwa na ramani ya mpimaji, nakala ya tuzo, na orodha ya kaya zilizo ndani ya mita 200, kila moja ikieleza kwa maandishi kama imetoa ridhaa au haijatoa. Muhtasari wa zamani bado umo humo, na mwenyekiti wa sasa ni mwingine, hajui ulikuwa wa nini.